Mgonjwa wa Karatasi

N° 1/G
Bukavu, Kadutu, tarehe 18 Septemba 2023
Kuhusu: safari yako, masomo yako na utulivu wa moyo

Kwa Docta Charlène, mtoto wa marehemu dada yangu,

Asinge sana, usiisahau huko salamu ya kwetu. Kama barua hii inakukuta na afya, sisi huku tupo, tunasukuma siku. Maman Rosalie wangu anakusalimu na anauliza kama huko Kinshasa unapata bugali ya kweli au wanakulisha kwanga yao ya muhogo asubuhi na jioni. Nimemwambia mtu mzima hafi kwa kwanga. Mvua imeanza kwa hasira mwaka huu. Ukuta wa jirani umeshuka tena juu ya jiko letu, na jirani mwenyewe akaja kuuliza kama ukuta wake umeumia. Nilimjibu kwamba umelala vizuri, na sufuria yetu ya maharagwe iko chini yake.

Najua utacheka kuona namba juu ya barua. Cheka. Nina miaka arobaini na sita katika kazi ya Serikali, na zaidi ya nusu nimeikaa mbele ya rejista ya barua zinazoingia na zinazotoka. Barua bila namba ni kelele tu. Ndiyo maana sipendi mambo ya simu: mtu anasema leo, kesho anakana, na hakuna mhuri. Maman Joviale anayeuza vitenge anapanda ndege Kavumu kuja huko kila baada ya wiki chache, naye amekubali kutubebea barua.

Sasa jambo lenyewe. Uliondoka tarehe 14 Agosti kwa likizo yako ya mwaka, siku thelathini, kama nilivyokushauri. Siku hizo zimekwisha. Usiogope. Ombi lako la ruhusa ya masomo limepita mikononi mwangu, nimeliandika kwenye rejista, limetumwa Kinshasa. Wakilitia sahihi, utasoma miaka yako minne na mshahara utaingia kila mwezi, kwa sababu daktari wa Serikali aliyeruhusiwa kusoma anahesabiwa yuko kazini. Kanuni hizo mimi nilizisoma kabla hujazaliwa. Nilikwambia "Enda, karatasi itakufuata", na karatasi inakufuata.

Maman Rosalie bado hajaelewa masomo uliyochagua. Jumapili alisema mbele ya kwaya nzima: "Miaka saba alijifunza kuponesha batu, sasa anaenda kujifunza kubalalisha usingizi!" Watu walicheka. Nilimkumbusha yule mama wa hospitali yako ya Ciramba, aliyechomwa sindano ya usingizi na mwuguzi ili apasuliwe, kwa sababu hakukuwa na mtu mwingine, mtoto akatoka analia na mama hakuamka. Hapo alifungua kitabu cha nyimbo. Mimi pia nitalazwa siku moja, unaijua ngiri yangu. Nasubiri tu Serikali inipe pesa yangu ya kustaafu.

Soma. Mengine niachie mimi.

Tonton wako,
Grégoire


Kinshasa, 6 Novemba 2023

Tonton mpendwa,

Nakusalimu wewe na Maman. Mwambie bugali ninaipata, ila sambaza, vile visamaki vya ziwa letu, hapa zimechoka safarini kuliko mimi. Barua yako ya Septemba ilinifikia wiki ya mwisho ya Oktoba, maana Maman Joviale aliifunga ndani ya balo la vitenge na balo halikufunguliwa mpaka mteja alipopatikana. Pole kwa jiko. Joto la hapa halina adabu, linakufuata mpaka kitandani. Lakini niko mzima. Chumba cha hosteli ni kizuri. Masomo yanaendelea vizuri, tuko tisa katika mwaka wa kwanza, na profesa wetu ni mama mkali anayetufanya tuhesabu pumzi za mgonjwa kwa sauti.

Tonton, mshahara wa Oktoba haukuingia. Nilifikiri ni benki, nikasubiri. Kisha nilikwenda ofisi kuu ya wizara yetu, nikapanga mstari tangu saa kumi na mbili asubuhi. Aliyenipokea ni mama mmoja mtu wa Kindu, bahati yangu, tukasema Kiswahili. Alitafuta kwenye makabati mawili, akarudi akifuta vumbi mikononi. "Docta, ombi lako haiko hapa. Uliza ku provinsi yenu, banaweza kuwa banakuandikia kitu."

Basi nakuuliza swali moja, na ninaomba unijibu hilo hilo: je, kuna barua yoyote iliyofika ofisini kwenu kwa jina langu? Barua zote zinapita mezani kwako. Kama ipo, nitumie, nitaijibu mwenyewe. Ada ya masomo ya muhula wa pili nategemea mshahara huo, na wewe unajua kwamba sina mume wala shamba.

Mtoto wako,
Charlène


N° 2/G
Bukavu, tarehe 28 Novemba 2023
Kuhusu: sambaza, na habari njema

Kwa Docta Charlène,

Salamu nyingi. Barua yako imefika, imeandikwa, imehifadhiwa. Maman Rosalie alipoisoma pale pa sambaza hakulala. Ndani ya furushi utakuta kilo mbili zilizokaushwa vizuri, na ametuma neno kwamba usigawie hosteli nzima kama unavyogawaga. Jiko tumelijenga upya, safari hii mbali na ukuta wa jirani, naye amekasirika eti tunamdharau. Kuku mmoja amekufa. Alphonse, mwenzangu wa meza ya pili, ameng'oa meno mawili na sasa haongei, ofisi imepata amani.

Mshahara utaingia Desemba. Nimepanga. Wewe soma, maswali ni kazi ya walimu wako.

Habari kubwa ni hii: orodha ya wastaafu imetoka na jina langu ni la tatu! Unajua nimevuka umri wa kustaafu miaka sita iliyopita, na kila asubuhi naendelea kupanda ule mlima hadi ofisini kwa sababu ukienda nyumbani kabla ya pesa, pesa haikufuati. Sasa wanasema mwezi wa tano tutaitwa, tutapewa pesa yetu yote na cheti. Maman amekwisha kuigawa kichwani: mabati ya nyumba, operesheni ya ngiri yangu, na kitenge cha sare kwa wanawake sita wa ukoo. Mpaka mwezi wa tano natakiwa nikae kimya na faili safi. Mtu ambaye faili lake lina doa, hata doa dogo, anatolewa kwenye orodha na kurudishwa nyuma ya watu mia nne. Nimewaona watu wakifa huko nyuma.

Usiwe na haraka. Serikali ni mzee, inatembea na fimbo.

Tonton wako,
Grégoire


Kinshasa, 19 Januari 2024

Tonton,

Heri ya mwaka mpya kwako na kwa Maman. Sambaza zilifika na nimezila peke yangu kwa siku nne, mwambie nimetii. Noeli nilikuwa zamu. Niko mzima, na neno hili nakuomba ulikumbuke unaposoma yanayofuata.

Mshahara wa Desemba uliingia, na ule wa Oktoba na Novemba pamoja. Nilifurahi mpaka nikanunua viatu. Wiki iliyopita nilirudi ofisi kuu kuuliza ruhusa yangu ya masomo. Yule mama wa Kindu akanikaribisha, ombi langu limepatikana, liko ndani ya faili moja nene. Akalifungua, akasoma, akanitazama toka kichwa hadi miguu.

"Docta, uko mugonjwa."

"Mimi?"

"Karatasi njo inasema. Uko mugonjwa tangu mwezi wa kenda. Hauwezi ata kusimama. Uko unalala ku kitanda, Bukavu."

Nilikuwa nimesimama mbele yake na viatu vipya. Akanigeuzia faili nione. Cheti cha likizo ya ugonjwa, kimesainiwa na Docta Hugues, mwenzangu wa hospitali ya Ciramba: homa ya matumbo, presha, na udhaifu wa mwili mzima. Barua tatu za mkuu wa ofisi yenu zinazoniuliza kwa nini sionekani kazini. Na majibu matatu, mazuri, yenye heshima, kila moja na sahihi yangu. Sahihi ambayo sikuiweka mimi! Tonton, nimejifunza kusoma kwenye mapaja yako. Hakuna mtu mwingine katika jimbo zima anayeandika "kwa unyenyekevu usio na mipaka".

Walinipeleka kwa mkurugenzi. Alisoma ombi la masomo, akasoma cheti cha ugonjwa, akaviweka kimoja huku na kimoja huku. Akasema mgonjwa hapewi ruhusa ya kusoma, na mwanafunzi halipwi mshahara wa mgonjwa. Basi mimi ni mwongo Bukavu au ni mwongo Kinshasa, nichague mji. Niliona aibu ambayo sijawahi kuiona, na haikuwa aibu yangu.

Kitivo kimenipa mpaka tarehe 15 Aprili. Bila ruhusa ya Serikali jina langu linatoka kwenye orodha ya mtihani. Mkurugenzi anataka mtu aliyeandika yale majibu ajitokeze kwa maandishi, na mhuri wa ofisi yenu, basi. Sitaki kumtaja mtu. Nataka huyo mtu ajitaje.

Njia ya mwongo ni fupi, Tonton. Wewe ndiye uliyenifundisha.

Charlène


N° 3/G
Bukavu, tarehe 9 Februari 2024
Kuhusu: matusi yako

Kwa Docta Charlène,

Maman anakusalimu. Kuku wanakusalimu. Nimemaliza salamu.

Barua yako nimeisoma mara tatu na mara tatu nimeikunja. Ndiyo, ni mimi. Ulitaka iwe nani, askofu? Tarehe 2 Oktoba barua ya kwanza ilishuka mezani kwangu: Docta Charlène hayupo kazini tangu likizo yake iishe, ajieleze ndani ya saa arobaini na nane. Niliiandika kwenye rejista kwa mkono huu, kisha nikaiweka ndani ya koti. Saa arobaini na nane! Kwa ndege ya Joviale inayobeba barua chini ya vitenge! Ulikuwa katika wiki yako ya kwanza ya masomo. Barua tatu bila jibu, wanakufuta, namba yako ya kazi inapewa mtu mwingine, na miaka yako sita ya Ciramba inakuwa moshi. Ningekaa nikitazama?

Nilijibu. Na kwa kuwa jibu linataka sababu, nilitafuta sababu. Kwanza mkuu hakuridhika, ndiyo maana Oktoba walifunga mshahara. Nikaleta cheti, wakaufungua. Katika miaka arobaini na sita nimeona likizo za kila namna zikikataliwa, za ndoa, za uzazi, za mazishi. Ya ugonjwa peke yake hakuna mkubwa anayeichunguza, kwa sababu naye ataihitaji kesho. Nusu ya watu niliofanya kazi nao wamewahi kuugua kwa karatasi, na wote wazima, wananenepa. Hakuna aliyeitwa mwongo. Shida ni kwamba wewe ulikwenda kusimama mbele yao na viatu vipya.

Na ushauri wa kuondoka kwa likizo ya mwaka kabla ruhusa haijasainiwa ulikuwa wangu, najua, huna haja ya kunikumbusha kwa kutonikumbusha.

Unasema nijitaje. Unajua maana yake? Jina langu ni la tatu, Charlène. La tatu. Kuna njia nyingine: panda ndege, ukae hapa mwezi mmoja, uonekane Ciramba, Hugues aandike kwamba umepona, kisha uanze ombi upya kwa utaratibu. Utapoteza mwaka. Mwaka mmoja ni nini? Mimi nimesubiri sita.

Siandiki zaidi, mkono unaniuma.

Grégoire


Kinshasa, 4 Machi 2024

Tonton,

Nakusalimu. Msalimie Maman na umwambie nimemkosa sana.

Nilikuandikia kwamba chumba cha hosteli ni kizuri. Kilikuwa kizuri. Nilikiacha Novemba, mshahara ulipokatika. Nalala kwenye chumba cha zamu cha kliniki moja ya mbali, ambako nafanya kazi siku nne kwa wiki baada ya masomo, na asubuhi naingia chumba cha upasuaji macho wazi, kichwa kimelala. Mshahara uliporudi nilitaka kuacha kliniki. Kisha nikajua ni mshahara wa nini. Tangu Januari siugusi. Uko benki wote, ukitoa vile viatu, ni wa yule mgonjwa wa Bukavu, akipona atauchukua. Sikukwambia kwa sababu ulisema mengine nikuachie wewe, na mimi nilikuachia.

Sasa sikiliza hili. Tarehe 20 Februari nilimlaza usingizi mama mmoja wa kupasuliwa, profesa amesimama nyuma yangu. Nilichoma dawa, nikaanza kuhesabu pumzi kwa sauti. Nilihesabu vizuri sana. Sikuwa nimefungua oksijeni. Profesa alinyosha mkono juu ya bega langu akafungua, akanitoa nje. Mama yule aliamka, ana watoto wanne, alinishukuru mimi. Nilikwenda chooni nikalia. Niliacha Ciramba kwa ajili ya mwanamke mmoja ambaye hakuamka, na kidogo tu nimfanye wa pili kwa mkono wangu.

Daktari anayelala wima hana haki ya kulaza watu. Nimeandika barua ya kujiondoa masomoni. Iko ndani ya begi langu, nitaipeleka kitivoni Jumatatu baada ya wiki ya Pasaka, kisha nitarudi nyumbani. Ukitaka niende Ciramba nikajifanye nimepona, sitakwenda. Nitauza vitenge na Maman Joviale.

Sijakukasirikia tena. Nilichoka kabla ya kumaliza kukasirika. Ninachoshindwa kumeza ni kwamba wewe, uliyeniambia tangu mtoto kwamba mtu anaongopa lakini rejista haiongopi, ndiye uliyeweka koti juu ya rejista.

Charlène


N° 5/G
Bukavu, tarehe 23 Machi 2024
Kuhusu: kesho ni Jumapili ya Matawi

Kwa Docta Charlène,

Asinge. Maman Rosalie anakusalimu, amesuka matawi ya kesho na amekuwekea moja kama kila mwaka, limetundikwa juu ya mlango wa chumba chako. Mvua imepungua. Nimepata nafasi ya kurekebisha banda la kuku, kazi niliyoiahirisha tangu enzi zile, na ninagundua kwamba asubuhi ya Kadutu ni nzuri ukiwa huendi mahali. Jirani ananisaidia kushika mbao. Si mtu mbaya, ukuta wake ndio mbaya.

Joviale anasafiri Jumatatu, nimemwambia barua hii akae nayo mkononi, si ndani ya balo. Pamoja nayo kuna bahasha ya kaki iliyofungwa, yenye mhuri wa ofisi. Usiifungue, si yako. Mpelekee yule mama wa Kindu Jumatano baada ya Pasaka, asubuhi, uso kwa uso. Akuandikie kwamba amepokea. Usiondoke bila hiyo karatasi.

Ile barua yako ya kujiondoa iache begini mpaka hapo.

Kliniki uiache leo. Usisubiri mwisho wa mwezi. Maman ameuza lile beberu na pesa anakuletea Joviale, na usinijibu kitu kuhusu beberu, halikuwa na tabia nzuri.

Tonton wako,
Grégoire


Kinshasa, 7 Aprili 2024

Tonton yangu,

Nakusalimu, nakusalimu. Harufu ya matawi ya Maman nimeisikia mpaka huku.

Barua yako ilipofika nilitazama juu kama ulivyonizoesha. Namba tano. Nikaenda kwenye begi, nikazipanga: moja, mbili, tatu, tano. Nikasema Tonton amezeeka, amekosea kuhesabu. Kisha nikasema hapana, yeye anaweza kukosea jina la mke wake lakini si namba.

Jumatano mama wa Kindu aliifungua bahasha mbele yangu. Juu kabisa, kwa mkono wako: N° 4/G.

Aliisoma kwa sauti ndogo, nami nikamsikia. Kwamba wewe, Grégoire, mtunza rejista, ulificha barua tatu zilizoandikwa kwangu, ulizijibu kwa kuiga sahihi yangu, ulileta cheti cha ugonjwa usiokuwepo, na mimi sikujua lolote. Kwamba Docta Hugues ulimdanganya, akaamini. Hilo la Hugues si kweli, Tonton. Hugues hasaini kitu asichokiona, labda kama mtu aliyemheshimu kama baba amekaa mbele yake akimwomba. Hata siku ya kusema ukweli umeacha nafasi ya uongo mmoja, ili kumfunika. Lakini sikufungua mdomo.

Yule mama alipomaliza alivua miwani. "Huyu muzee ni nani yako?"

"Ni tonton. Njo alinikomalisha tangu niko mutoto."

"Basi alikukomalisha mbaya, ama muzuri. Mi sijue."

Chini ya barua kulikuwa na maandishi ya mkuu wa ofisi yenu, kwa wino mwekundu: mhusika asimamishwe kazi, jina lake liondolewe kwenye orodha ya wastaafu. Niliyasoma mwenyewe. Ndiyo maana una nafasi ya kurekebisha banda la kuku.

Na niliona tarehe. Uliiandika tarehe 10 Februari. Siku moja baada ya ile barua ya kunitukana! Mhuri wa kupokelewa ni wa tarehe 18 Machi. Wiki tano ilikuwa wapi, ndani ya lile koti? Nimekuwa na hasira na hizo wiki tano kwa siku nne sasa. Kama ungeitoa siku ile ile, nisingekuwa nimesimama usingizini tarehe 20. Nimekuandikia hili kwa sababu ni kweli, na kwa sababu ninakupenda, na siwezi kutenganisha hayo mawili.

Mkurugenzi amesaini Ijumaa. Ruhusa ya masomo ninayo, inahesabiwa tangu likizo yangu ilipokwisha. Mshahara wa mgonjwa watausahihisha uwe mshahara wa mwanafunzi, mtihani nitafanya. Nimerudi hosteli. Barua ya kujiondoa nimeichana.

Sasa mimi ndiye ninayetoa amri. Ile ngiri imepita umri wa kusubiri. Pesa iliyoko benki niliyokataa kuigusa ni halali yangu leo, na ninaituma yote. Nenda ukapasuliwe mwezi huu. Utumbo ukinyongwa ndani yake usiku mmoja, Tonton, hakuna rejista itakayokusaidia.

Charlène


Bukavu, Kadutu, tarehe 2 Mei 2024

Kwa Docta Charlène, mwanangu,

Barua hii haina namba. Rejista ilibaki ofisini, ile namba tano niliitoa kichwani tu, Alphonse ndiye anayeandika sasa, na Maman ameniambia nikitafuta daftari lingine ataliwashia moto wa maharagwe. Basi isome kama kelele.

Tunakusalimu sisi wote. Mwezi wa tano umeingia. Jana, Sikukuu ya Wafanyakazi, wenzangu kumi na wawili waliitwa, walivaa suti, niliwaona wakishuka na vyeti mikononi. Aliyekuwa wa nne sasa ndiye wa tatu, akaniamkia kutoka upande wa pili wa barabara, akashindwa kuvuka. Nilimpungia mkono. Nilirudi nyumbani nikalala bila kula, na usiniulize zaidi ya hapo.

Umeuliza kuhusu wiki tano. Ile barua ilikuwa ndani ya koti, ndiyo. Kila asubuhi niliibeba hadi ofisini na kila jioni niliirudisha. Nilikuwa na mlima mzima wa kufikiri, kwenda na kurudi. Nilisema kesho. Nilisema baada ya mwezi wa tano, nikishapata changu, nitaitoa. Kisha ikaja ile barua yako ya oksijeni. Sina maneno mengine, Charlène. Niliogopa umaskini kuliko nilivyokupenda, kwa wiki tano. Hilo nalo liandikwe.

Pesa yako imefika. Maman ameihesabu na kuifunga. Nilikwenda kwa daktari kama ulivyoamuru, amenishika tumbo, amesema anaweza kunipasua wiki ijayo, nilipe tu. Nikamuuliza nani atanilaza. Akasema mwuguzi, yuko mzoefu. Nilivaa shati langu nikatoka. Pesa nimemrudishia Joviale aliyeleta barua yako, atakupa mkononi, ulipe hosteli mpaka mwisho wa mwaka.

Usikasirike. Nimejifunga mkanda, sibebi mizigo, jirani ananibebea maji. Umebakisha miaka mitatu na nusu, na kusubiri ni kazi pekee ambayo Serikali imenifundisha vizuri. Nitasubiri mtu wangu. Utanilaza wewe, utahesabu pumzi zangu kwa sauti, na oksijeni utaifungua kwanza.

Soma vizuri, Docta. Lala usiku. Mimi nataka kuamka.

Tonton wako,
Grégoire